Logi bila kukariri: kukokotoa, kurahisisha na kutafuta x hatua kwa hatua

Katika sekondari zetu, Tanzania na Kenya, mada ya logi (logarithms) hufundishwa kwa Kiingereza, na wanafunzi wengi huibeba mpaka mtihani wa kidato cha nne wakiwa na orodha ya kanuni kichwani na hawajui zilikotoka. Siku ya mtihani kanuni mbili zinafanana, moja inageuzwa, na maksi zinaondoka. Nimeandika mwongozo huu kwa Kiswahili kwa sababu naamini mada hii nzima imesimama juu ya wazo moja: logi ni kipeo, yaani ile namba ndogo inayoandikwa juu, kama 5 katika 2⁵. Ukilishika hilo, kanuni utazitoa mwenyewe pale ulipokaa. Chukua kalamu na karatasi, maana hesabu haisomwi kwa macho peke yake.

Hatua ya 1: Isome logi kama swali

Ukiona log₂ 32, usiione kama alama ya ajabu. Isome hivi: 2 ipewe kipeo gani ili iwe 32? Tunajua 2 × 2 × 2 × 2 × 2 = 32, yaani 2⁵ = 32. Basi log₂ 32 = 5.

Maandishi haya mawili, 2⁵ = 32 na log₂ 32 = 5, yanasema jambo lile lile. La kwanza linaanza na kipeo na kutafuta jibu, la pili linaanza na jibu na kuuliza kipeo. Ile 2 ya chini inaitwa besi, na katika maandishi yote mawili inabaki kuwa besi. Zoea kutoka upande mmoja kwenda mwingine mpaka mkono uzoee: 10³ = 1000 ni log₁₀ 1000 = 3; 7⁰ = 1 ni log₇ 1 = 0; log₃ 81 = 4 ni 3⁴ = 81.

Kuna masharti, na yanatokana na wazo lile lile. 2 haiwezi kupewa kipeo chochote ikatoa sifuri au namba hasi. Hata 2⁻¹⁰ ni 1/1024, ndogo sana lakini bado chanya. Kwa hiyo namba iliyo ndani ya logi lazima iwe kubwa kuliko sifuri. Besi nayo lazima iwe chanya, na isiwe 1, kwa sababu 1 ukiipa kipeo chochote inabaki 1. Lakini jibu la logi lenyewe linaruhusiwa kuwa hasi: log₂ ⅛ = −3, kwa kuwa 2⁻³ = ⅛. Wengi huchanganya hapa. Kinachokatazwa kuwa hasi ni cha ndani, si kinachotoka.

Ukikuta log bila besi yoyote kuandikwa, chukulia ni besi 10. Mskoti John Napier alichapisha kazi yake ya kwanza ya logi mwaka 1614, na Henry Briggs wa London ndiye aliyezipeleka kwenye besi 10 na kutoa majedwali makubwa mwaka 1624, ili watu wa nyota na wa bahari waweze kuzidisha namba ndefu kwa kujumlisha tu. Kwenye kikokotoo, kitufe cha log ni besi 10, na kile cha ln ni besi e, ambayo ni karibu 2.718. Usivibadilishe katikati ya hesabu moja.

Hatua ya 2: Kokotoa bila jedwali wala kikokotoo

Mpe jibu jina, tuseme y. Andika swali kwa umbo la vipeo. Geuza pande zote mbili ziwe na besi moja ndogo. Kisha linganisha vipeo.

Tafuta log₉ 27. Mwenye haraka ataandika 3, kwa kuwa 27 ÷ 9 = 3. Hapana. Weka log₉ 27 = y, basi 9ʸ = 27. Namba 9 na 27 zote ni watoto wa 3: 9 = 3² na 27 = 3³. Kwa hiyo 3²ʸ = 3³, yaani 2y = 3, na y = 3/2.

Tafuta log₅ 0.04. Desimali igeuze kuwa sehemu kwanza: 0.04 = 4/100 = 1/25 = 5⁻². Jibu ni −2.

Tafuta logi ya 8 katika besi ¼. Hapa ¼ = 2⁻² na 8 = 2³, hivyo −2y = 3 na y = −3/2. Tafuta pia logi ya 81 katika besi √3. Kipeuo cha pili ni kipeo cha nusu, kwa hiyo ½y = 4, na y = 8.

Ukiona hatua hii inakusumbua, tatizo si logi. Ni kwamba vipeo vya namba ndogo haviko kichwani. Vijue vya 2 mpaka 1024, vya 3 mpaka 729, vya 5 mpaka 625 na vya 7 mpaka 343. Hivyo ndivyo vitu pekee katika mada hii ambavyo nakushauri uvikariri.

Hatua ya 3: Zitoe kanuni kwenye vipeo

Chukua 8 na 4. Tunajua 8 = 2³ na 4 = 2². Ukizizidisha, vipeo vinajumlishwa: 8 × 4 = 2⁵. Kipeo ndicho logi, kwa hiyo log₂ (8 × 4) = log₂ 8 + log₂ 4, yaani 5 = 3 + 2. Ukizigawanya, vipeo vinatolewa: 8 ÷ 4 = 2¹, na 3 − 2 = 1. Ukiipa 8 kipeo cha 4, unapata (2³)⁴ = 2¹², yaani kile kipeo 3 kimezidishwa kwa 4. Hizo ndizo kanuni zote tatu:

logₐ (M × N) = logₐ M + logₐ N
logₐ (M ÷ N) = logₐ M − logₐ N
logₐ Mⁿ = n × logₐ M

Ongeza mbili ndogo zinazosahaulika: logₐ a = 1, na logₐ 1 = 0.

Sasa tukae kidogo kwenye yale yasiyo kanuni, kwa sababu hapa ndipo maksi nyingi hupotelea. Hakuna kanuni ya log (M + N). Mtu akikuambia ni log M + log N, mpime kwa namba: log 100 + log 100 = 2 + 2 = 4, lakini log (100 + 100) = log 200, ambayo ni 2.3010. Vivyo hivyo hakuna kanuni ya log (M − N). Kupima kwa namba rahisi namna hii ndiyo silaha ya mwanafunzi aliyesahau kanuni katika chumba cha mtihani. Dakika moja inatosha, na 10, 100 na 1000 hazihitaji jedwali.

La pili ni sehemu yenye logi juu na logi chini. Tazama log 27 ÷ log 9. Hii si log (27 ÷ 9). Logi mbili zimeshakokotolewa kila moja peke yake, kisha zinagawanywa. Andika juu 3 log 3 na chini 2 log 3. Hapo log 3 inakatwa juu na chini, na jibu ni 3/2. Ukiandika log 3 kama jibu, umekosea kwa mbali, maana log 3 ni 0.4771.

La tatu: (log x)² na log x² ni vitu viwili. Katika cha kwanza logi nzima ndiyo yenye kipeo, na huwezi kukishusha kipeo hicho mbele. Kwa x = 1000, cha kwanza ni 3² = 9, na cha pili ni log 1,000,000 = 6.

Hatua ya 4: Rahisisha kwa mpangilio

Ukitakiwa kuandika kama logi moja, anza na namba zilizo mbele ya logi. Zipandishe zote ziwe vipeo kabla hujaunganisha chochote. Kisha zile zenye alama ya kujumlisha ziende juu kama kiasi, na zenye alama ya kutoa ziende chini kama asili.

Rahisisha log 8 + 2 log 5 − log 2.
Pandisha: log 8 + log 25 − log 2.
Unganisha: log (8 × 25 ÷ 2) = log 100 = 2.

Namba tupu ikiwa katikati ya logi, igeuze nayo iwe logi ya besi ile ile. Mfano 2 + log 3 − log 12: katika besi 10, 2 ni log 100. Tunapata log (100 × 3 ÷ 12) = log 25, au ukipenda 2 log 5. Kama besi ingekuwa 3, ile 2 ingekuwa log₃ 9.

Angalia mabano. log 60 − (log 2 + log 3) ni log 10, yaani 1. Ondoa mabano, log 60 − log 2 + log 3, inakuwa log 90. Alama ya kutoa inamhusu jirani yake wa kulia tu, mpaka mabano yaseme vinginevyo.

Swali jingine linalopendwa ni hili: ukipewa log 2 = 0.3010 na log 3 = 0.4771, tafuta log 45. Wanafunzi huandika 45 = 9 × 5, kisha hukwama kwa sababu log 5 haikutolewa. Imetolewa, ila imejificha: 5 = 10 ÷ 2, hivyo log 5 = 1 − 0.3010 = 0.6990. Basi log 45 = 2(0.4771) + 0.6990 = 1.6532. Kwa 2, 3 na 10 unaweza kupata logi ya namba yoyote inayojengwa kwa 2, 3 na 5. Ya 7 huwezi.

Hatua ya 5: Besi zikigombana

Tuseme unatafuta log₅ 12. 12 si kipeo kamili cha 5, kwa hiyo njia ya hatua ya 2 haifiki. Weka 5ʸ = 12, kisha chukua logi ya besi 10 pande zote: y log 5 = log 12. Kwa hiyo y = log 12 ÷ log 5 = 1.0792 ÷ 0.6990, karibu 1.544. Hiyo ndiyo kanuni ya kubadili besi: logi ya namba ya ndani juu, logi ya besi chini. Kadiria kabla ya kuamini. 5¹ ni 5 na 5² ni 25, hivyo jibu lazima liwe kati ya 1 na 2.

Njia hii ndiyo inayojibu swali la akiba. Ukiweka shilingi 1,000,000 mahali panapotoa riba ya asilimia 8 kwa mwaka, na riba inajumlishwa kwenye mtaji kila mwaka, zitakuwa 2,000,000 baada ya muda gani? Mlinganyo ni 1.08ⁿ = 2, kwa hiyo n = log 2 ÷ log 1.08 = 0.3010 ÷ 0.0334, karibu miaka 9. Ona kwamba ile milioni yenyewe imetoweka. Kiasi chochote kingejirudufu kwa muda ule ule.

Hatua ya 6: Milinganyo

Kila mlinganyo wa logi unataka mambo mawili: uufikishe kwenye umbo unaloweza kuiondoa logi, kisha jibu ulirudishe kwenye mlinganyo wa mwanzo. La pili si la hiari. Ni nusu ya kazi.

Umbo rahisi ni logi moja upande mmoja na namba upande wa pili. log₃ (2x − 1) = 4 inageuka 2x − 1 = 3⁴ = 81, hivyo x = 41.

Logi zikiwa mbili, zifanye moja kwanza. Chukua log₂ x + log₂ (x − 6) = 4.
Unganisha: log₂ [x(x − 6)] = 4.
Geuza: x² − 6x = 16.
Panga: x² − 6x − 16 = 0, yaani (x − 8)(x + 2) = 0.
Tunapata x = 8 au x = −2. Rudisha. Kwa 8: log₂ 8 + log₂ 2 = 3 + 1 = 4, inakubali. Kwa −2: log₂ (−2) haipo, basi −2 inatupwa, na uandike sababu ya kuitupa. Jibu hilo la uongo liliingia pale tulipounganisha, kwa sababu −2 × −8 ni 16 chanya, wakati kila moja peke yake ilikuwa hasi.

Hapa kuna mazoea mabaya ninayopambana nayo kila mara: mwanafunzi akiona x hasi anaitupa bila kuitazama. Jaribu log₃ (1 − 4x) = 2. Unapata 1 − 4x = 9, na x = −2. Rudisha: 1 − 4(−2) = 9, chanya kabisa. Jibu ni −2, na anayelitupa anakosa swali zima. Kinachopimwa ni namba ya ndani ya logi, siyo x yenyewe.

Kuna pia milinganyo ambayo majibu yote mawili ni halali. 2 log x = 1 + log (x − 2.4). Pandisha 2, na geuza 1 iwe log 10: log x² = log (10x − 24). Logi mbili za besi moja zikilingana, vya ndani vinalingana: x² − 10x + 24 = 0, x = 4 au x = 6. Zote mbili zinaacha x − 2.4 ikiwa chanya, kwa hiyo zote ni majibu.

Na mtego wa kinyume: log x² = 4. Ukishusha 2 haraka na kuandika 2 log x = 4, unapata x = 100 tu, na umepoteza −100 ambayo ni halali, kwa kuwa (−100)² = 10,000. Hapa ni salama zaidi kugeuza moja kwa moja: x² = 10⁴.

Besi zikitofautiana, zipeleke kwenye moja. log₂ x + log₄ x = 6: kwa kuwa log₂ 4 = 2, log₄ x ni nusu ya log₂ x. Basi moja na nusu ya log₂ x ni 6, log₂ x = 4, na x = 16. Na ukikuta (log x)² − 3 log x + 2 = 0, iite log x jina jingine, tuseme p. Unapata p² − 3p + 2 = 0, p = 1 au 2. Usiishie hapo kama wengi wanavyoishia. Ulichotafuta ni x, ambayo ni 10 au 100.

Hatua ya 7: Majedwali, hasa logi zenye baa

Kwa miaka mingi mtihani wa Hisabati wa kidato cha nne Tanzania umeruhusu majedwali na kukataza kikokotoo, na Kenya maswali ya kukokotoa kwa logi huulizwa ingawa kikokotoo kinaruhusiwa. Kwa hiyo jedwali la tarakimu nne halijaisha kazi.

Jedwali linakupa sehemu ya desimali tu. Sehemu nzima unaipata kwa kuandika namba kwa umbo sanifu. 45.7 = 4.57 × 10¹, hivyo logi yake ni 1.6599. 0.0386 = 3.86 × 10⁻², hivyo logi yake ni −2 + 0.5866, ambayo huandikwa 2̄.5866 na kusomwa baa mbili nukta 5866. Mstari ule uko juu ya 2 peke yake: 2 ni hasi, desimali ni chanya.

Zidisha 45.7 × 0.0386. Jumlisha desimali: 0.6599 + 0.5866 = 1.2465. Jumlisha sehemu nzima: 1 − 2, kisha ongeza ile 1 iliyobebwa, unapata 0. Logi ni 0.2465, na ukirudi kwenye jedwali la kinyume cha logi unapata 1.764.

Kipeuo cha tatu cha 0.0386 ndicho kinachotisha. Unatakiwa kugawa 2̄.5866 kwa 3, lakini −2 haigawanyiki kwa 3. Usigawe kwa nguvu. Ifanye −3 kwa kutoa 1, na ile 1 uirudishe kwenye desimali: 3̄ + 1.5866. Sasa gawanya: 1̄ + 0.5289, yaani 1̄.5289. Kinyume cha logi ya 0.5289 ni 3.380, na baa moja inasogeza nukta mara moja: 0.3380. Hakiki: 0.338 × 0.338 × 0.338 ni karibu 0.0386.

Jaribu mwenyewe

(a) log₈ 32
(b) 2 log 5 + log 12 − log 3
(c) log₂ (x + 3) + log₂ (x − 3) = 4
(d) log₅ (4 − 7x) = 2
(e) 3²ˣ = 20
(f) log₃ x + log₉ x = 3

Majibu: (a) 5/3. (b) 2. (c) x = 5; −5 inatupwa kwa sababu inafanya x + 3 na x − 3 ziwe hasi. (d) x = −3, na inakubalika. (e) x = log 20 ÷ (2 log 3), karibu 1.363. (f) x = 9.